Pola Negri Hakuzimia kwa Kiki. Na Hata Kama Alizimia kwa Kiki, Kwani Iko Nini?

Wasee, naanza na kukiri kosa. Ile klipu yangu ya sekunde hamsini, ile ya mwigizaji anayeanguka kwenye mazishi ya mtu ambaye hata hakuwa mume wake, ndiyo imetazamwa kuliko kitu kingine chochote nimewahi kuposti. Nimewahi kukesha wiki mbili nikitengeneza video ya nusu saa kuhusu sinema za zamani na ikatazamwa na watu wa kuhesabu kwa vidole. Halafu naweka mwanamke wa nguo nyeusi anadondoka, naweka kamuziki ka kuchekesha chini yake, naandika "malkia wa drama, 1926", na simu inaanza kulia hadi betri inaisha.

Mkacheka. Mimi pia nilicheka. Mmoja wenu akaandika ati huyu dada alikuwa anatafuta kiki kabla kiki haijavumbuliwa. Nikaipa laiki, nikaibandika juu kabisa ili kila mtu aione.

Siku mbili baadaye mtu mwingine akauliza swali fupi sana: "Aliigiza filamu gani?"

Nikaanza kujibu, nikakwama. Manze, nilikuwa nimeongea kuhusu mwigizaji kwa sekunde hamsini bila kutaja filamu yake hata moja. Wanaume niliwataja watatu.

Kwa hivyo leo nimekuja kubishana na ile komenti niliyoibandika juu, na nikibishana nayo najua nabishana na mimi mwenyewe. Ninachosema ni hiki: huyu mwanamke alifanya kazi kubwa, kazi iliyobadilisha vile Ulaya na Marekani zinauziana sinema, na karibu miaka mia moja sasa tumeiweka kazi hiyo chini ya kabati ili tuendelee kusimulia alilia wapi, alimlilia nani, na alilala na nani. Na mbaya zaidi, hata makosa yake halisi tumeshindwa kuyaona kwa sababu ya huo udaku.

Wacha niwape stori yenyewe.

Alizaliwa 1897 katika mji mdogo unaitwa Lipno, huko Polandi, wakati ambapo Polandi yenyewe haikuwa kwenye ramani. Upande ule ulitawaliwa na mfalme wa Urusi. Jina alilopewa ni Barbara Apolonia Chałupiec (msiniulize linatamkwaje, nimejaribu mbele ya kioo). Baba yake, fundi wa mabati mwenye asili ya Slovakia, alikamatwa na Warusi akapelekwa Siberia. Mama akabaki na mtoto, wakahamia Warsaw, na maisha yakawa ya kuhesabu senti. Mtoto akaingia shule ya bale, akaonekana ana kipaji, kisha TB ikaimaliza ndoto hiyo. Ni alipokuwa akiuguzwa kule milimani Zakopane ndipo alijichagulia jina Negri, kutoka kwa mshairi wa Italia, Ada Negri. Yaani msichana mgonjwa, bila baba, bila pesa, amepoteza kazi aliyoipenda, anachukua jina la mwanamke mshairi na kusema sasa naenda kuigiza.

Filamu yake ya kwanza ilitoka 1914. Hakuwa amefika hata miaka 18. Kufikia 1917 alikuwa ndani ya Bestia, na mwaka huohuo akaondoka Warsaw kwenda Berlin, katikati ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Fikirieni mnahama nchi kutafuta kazi ya sanaa wakati watu wanalipuana mipakani.

Berlin ndiko alikutana kazini na Ernst Lubitsch, na hapo sasa mambo yakashika moto. 1918 wakatengeneza Carmen. 1919 wakatengeneza Madame DuBarry, hadithi ya msichana wa duka la kofia anayepanda hadi chumba cha mfalme wa Ufaransa, kisha mapinduzi yanamfikia na anakatwa kichwa. Filamu hiyo ndiyo ilifungua jumba kubwa la sinema la Berlin, Ufa-Palast am Zoo. Kumbukeni Ujerumani ilikuwa imetoka kushindwa vita. Marekani hakukuwa na hamu ya kitu chochote cha Mjerumani. Hiyo filamu ikavushwa bahari, ikabadilishwa jina kuwa Passion, ikaonyeshwa New York Desemba 1920, na Wamarekani wakapanga foleni kumwangalia adui wa juzi. Mlango ambao wanadiplomasia walikuwa bado wanabisha, huyu msichana wa Lipno alishaupita akiwa kwenye reli za filamu.

Sasa nauliza, mtu kama huyo unamwitaje "mpenzi wa Valentino"?

Hollywood ndiyo ilimfuata. Paramount wakampa mkataba, akashuka New York 1922. Greta Garbo alikuja 1925. Marlene Dietrich alikuja 1930. Ile njia ya nyota wa Ulaya kwenda Hollywood, ambayo tunawapigia makofi hao wengine, Negri alishaipita ikiwa bado kichaka.

Alipofika, watu wa matangazo wakajua kazi yao. Mara ako na bifu na Gloria Swanson, malkia mwingine wa Paramount, na magazeti yakala hiyo bifu miezi na miezi. Mara amechumbiwa na Charlie Chaplin, 1923, mara wameachana. Kila wiki stori mpya. Na hapa msinielewe vibaya: Negri mwenyewe hakuwa malaika wa kukaa kimya kwenye kona. Alipenda manyoya, almasi na kuingia mahali kila mtu ageuke. Alijua jina lake ni biashara. Lakini angalieni vile mchezo unachezwa: kampuni inachochea udaku kwa sababu udaku unauza tiketi, kisha siku udaku ukizidi, anayelaumiwa ni mwanamke. Kampuni haikuitwa malkia wa drama.

Sasa mazishi.

Rudolph Valentino, nyota mkubwa aliyekuwa akipendwa na mamilioni, alikufa New York tarehe 23 Agosti 1926. Alikuwa na miaka 31. Negri alikuwa California, kwenye kazi ya filamu ya Hotel Imperial. Akapanda treni kuvuka Marekani nzima, siku kadhaa njiani, akiwa na shela nyeusi. Akafika, akalia, akazimia, na waandishi walikuwa pale wakihesabu. Akasema walikuwa wamepanga kuoana. Wengine wakasema hakuna uchumba kama huo. Magazeti yakaamua: anaigiza.

Hebu tukae hapo kidogo. Sisi wote tumeenda matanga. Mnajua vile inakuwa jeneza likianza kushuka. Kuna shangazi ataanguka. Si labda, ataanguka, na wamama wengine wako na leso tayari na chupa ya maji kwa sababu wanajua. Hakuna mtu hushika simu kusema ati shangazi anatafuta kiki. Tena usipolia ndiyo shida, watu wanaanza kunong'ona ati huyu anajua kitu. Mwanamke kwenye mazishi ako na kipimo cha machozi ambacho hakijaandikwa popote, na kila mtu amebeba rula yake.

Huyu alizimia mahali ambapo New York nzima ilikuwa imekuja kufanya maonyesho. Umati ulikuwa mkubwa hadi madirisha yakavunjwa na polisi wa farasi wakaitwa. Na hii ndiyo sehemu ambayo haikuwa kwenye klipu yangu, na nilipoisoma nilitaka kujifukia: kando ya mwili wa Valentino walisimama wanaume wanne wamevaa mashati meusi ya wafuasi wa Mussolini, kama walinzi wa heshima waliotumwa kutoka Italia. Baadaye ikajulikana ni waigizaji. Walikodiwa na kampuni ya mazishi ili magazeti yaandike.

Someni hiyo tena. Kulikuwa na wanaume wanne waliolipwa kuigiza kwenye yale mazishi, na mtu anayekumbukwa kwa kuigiza kwenye yale mazishi ni Pola Negri.

Kuna kitu siwezi kutetea sana: kulikuwa na maua mengi makubwa kutoka kwake, yamepangwa yakaandika POLA. Jina lake, si la marehemu. Nilijaribu kutafuta maneno ya kulainisha hiyo na sijapata. Ilikuwa noma. Lakini mtu anaweza kuwa na huzuni ya kweli na bado akawa na mazoea mabaya ya kutaka kuonekana. Hayo mawili hukaa ndani ya mtu mmoja bila hata kusalimiana. Niko na marafiki ambao waliposti picha na marehemu kabla hata hajazikwa, na najua walilia usiku mzima. Aliyesema ukiwa na moja huwezi kuwa na lingine ni nani?

Mwezi wa Mei 1927, miezi tisa haijaisha vizuri, akaolewa na Serge Mdivani, aliyejiita mwana wa mfalme kutoka Georgia. Hapo mashabiki wakamkataa kabisa. Yaani waliosema hakumpenda Valentino hata kidogo ndio haohao wakakasirika ati hajamwombolezea vya kutosha. Hebu mniambie angefanya nini kwa watu kama hao. Akilia, anaigiza. Akiacha kulia, amemsaliti. Mkataba wake na Paramount ukafika mwisho 1928, na mwaka uliofuata soko la hisa likaanguka na pesa zake nyingi zikaenda nalo.

Nilisema nimekuja kukiri, na kuna lingine. Yule mwanamke anayeanguka kwenye klipu yangu hayuko mazishini. Nilitafuta picha za video za yeye akizimia, sikupata, na nilikuwa na haraka. Nikachukua mwisho wa Carmen, pale José anapomuua, nikageuza rangi kidogo nikaiweka. Kifo alichokiigiza 1918 nikakibandika kwenye mazishi ya 1926, kisha nikawaambia huyu mama anaigiza huzuni. Mimi! Hakuna hata mmoja wenu aliyegundua, na siwalaumu, kwa sababu hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa ameangalia Carmen.

Basi nikaangalia. Carmen, Madame DuBarry, Hotel Imperial, Barbed Wire, chochote nilichopata. Bando ziliisha mara mbili. Na wacha niseme ukweli wa mtoto wa mjini aliyezoea filamu za kelele: dakika kumi za kwanza nilisinzia. Filamu kimya inataka uache kushika simu nyingine. Lakini ikikushika, imekushika.

Hotel Imperial ndiyo nawaomba muanze nayo, ileile aliyokuwa akiifanyia kazi Valentino alipokufa. Mwelekezi ni Mauritz Stiller. Ni Vita vya Kwanza, mji uko mpakani, Warusi wameuteka, na Negri ni Anna, mfanyakazi wa hoteli. Si malkia. Hana almasi. Ni dada wa kupangusa na kubeba. Anamficha mwanajeshi wa upande ulioshindwa kwa kumfanya ajifanye mhudumu wa hoteli, huku jenerali wa Kirusi aliyehamia humo anamtaka yeye. Mambo yanapofika shingoni na kijana anakaribia kunyongwa, Anna anasema mbele ya wanajeshi kwamba kijana alikuwa naye chumbani. Anaharibu jina lake mwenyewe mchana kweupe ili mtu mwingine aishi.

Angalieni uso wake hapo. Hapigi kifua, harushi mikono. Mtu ambaye dunia inamwita malkia wa kuzidisha anafanya kidogo sana, macho tu na mdomo unaokaza, na wewe unajua hesabu yote anayoipiga kichwani. Filamu ilitoka Januari 1927. Watu walikuwa bado wanamcheka kwa kuzimia, na hapo kwenye skrini alikuwa akiigiza mwanamke anayekubali kuchekwa. Kama ningetaka kutengeneza klipu yenye akili, hiyo ndiyo ningetengeneza.

Barbed Wire, mwaka huohuo, yeye ni msichana wa shamba Ufaransa anayempenda mfungwa wa vita wa Kijerumani, na kijiji kizima kinamgeukia. Sitaki kuwaharibia.

Sauti ilipoingia kwenye sinema, lafudhi yake nzito ilimsumbua. 1932 akafanya A Woman Commands huko Marekani. Filamu haikwenda mbali, ingawa wimbo aliouimba humo, Paradise, ulipendwa sana. Akarudi Ulaya, na 1935 akafanya Mazurka na mwelekezi Willi Forst, nchini Ujerumani. Ni hadithi ya mwimbaji aliyempiga risasi mwanaume aliyemharibia maisha, kwa sababu sasa mwanaume huyo anamwinda binti yake ambaye hata hamjui kuwa ni mama yake. Kesi inasikizwa, yeye amenyamaza. Anapokubali hatimaye kuongea, anaomba watazamaji watolewe mahakamani kwanza. Nilisimamisha video hapo. Mwanamke aliyehukumiwa na magazeti maisha yake yote, anaomba umati utoke nje.

Lakini ngojeni. Angalieni mwaka na mahali. 1935, Ujerumani. Hitler alikuwa madarakani tangu 1933. Hapa ndipo ningetaka tumkalishe Pola Negri chini tumuulize maswali magumu. Goebbels alijaribu kumzuia kufanya kazi kwa madai kwamba ana damu ya Kiyahudi. Hitler, aliyeipenda Mazurka, alikuwa shabiki wake. Na yeye akabaki kwenye kazi ile. Baada ya Mazurka alifanya filamu nyingine tano Ujerumani, hadi 1938. Lubitsch, mtu aliyetengeneza naye jina lake, alikuwa Myahudi, na serikali ile ilishamvua uraia. Wenzake wa zamani wa Berlin walikuwa wakikimbia nchi kwa mafungu. Hilo ni swali. Hilo linastahili posti ndefu na watu wakali kwenye komenti.

Badala yake dunia ilitaka kujua nini? Kama alilala na Hitler. Gazeti moja la Ufaransa likaandika hivyo, akalishtaki, akashinda kesi. Na hadi leo ukiandika jina lake kwenye intaneti, uvumi huo unakungoja mlangoni. Udaku hata haukumuumiza mahali panapofaa. Ulimshtaki kwa kitanda ambacho hakikuwepo, ukaacha kumuuliza kuhusu hundi alizozipokea kweli. Ukitaka kumhukumu mwigizaji, muulize alimfanyia nani kazi na lini. Mwanamke mwenye kazi anaweza kubeba lawama nzito. Mwanamke mwenye wapenzi tu anabeba kicheko.

Kuna wale mtaniambia, "Lakini si yeye mwenyewe alikuwa anauza hizo stori? Hata kitabu cha maisha yake cha 1970 kimejaa Valentino." Ni kweli. Aliuza kilichokuwa kinanunuliwa. Kama mimi na zile sekunde hamsini. Tofauti ni kwamba yeye alikuwa na rafu nzima ya filamu nyuma yake, mimi nina simu iliyopasuka kioo.

Aliondoka Ujerumani, akapitia Ufaransa, akafika tena Marekani 1941. Billy Wilder alipotafuta mtu wa kuigiza nyota mzee wa filamu kimya anayekataa kusahaulika, kwenye Sunset Boulevard ya 1950, Negri alikuwa mmoja wa walioendewa, na hakuichukua. Ikaenda kwa Gloria Swanson. Ndiyo, yule wa bifu. Filamu yake ya mwisho ni The Moon-Spinners ya Disney, 1964, ambapo anakaa kwenye meli ya kifahari na duma. Duma mzima, wasee. Alikufa San Antonio, Texas, tarehe 1 Agosti 1987, akiwa na miaka 90. Alimzidi Valentino kwa miaka sitini na moja ya kuishi, na bado tunamwacha pale pale kando ya jeneza.

Filamu nyingi alizotengeneza Polandi zimepotea kabisa. Bestia ipo. Mania ya 1918, aliyoifanya Berlin, ambapo yeye ni mfanyakazi wa kiwanda cha sigara, ilipatikana kopi yake, ikasafishwa na hifadhi ya filamu ya Warsaw, na 2011 ikaonyeshwa tena miji kadhaa ya Ulaya. Watu waliketi na subira wakasafisha picha moja baada ya nyingine ili uso wake uonekane. Na mimi nikauchukua uso huohuo nikauwekea kamuziki.

Mkitaka kunibishia, karibuni, lakini nijibuni na filamu. Mniambie Madame DuBarry inachosha katikati (inachosha kidogo), mniambie anazidisha pale kwenye Carmen, mniambie hafai kusamehewa ile miaka ya Ujerumani. Tutakesha hapa. Ukija na "alitoka na nani", nakufuta.

Ile klipu nimeitoa jana usiku. Mlioihifadhi kwenye simu zenu mnayo bado, siwezi kufanya kitu. Mahali pake nimeweka dakika nne za Hotel Imperial, bila muziki wangu, bila maandishi juu. Hadi naandika hii imetazamwa na watu thelathini na mmoja, na mmoja wao ni binamu yangu, aliyeniuliza kama sauti ya simu yake imeharibika.